Koti Chini ya Paa

Ndugu mmoja wa kanisani, seremala, alikuja nyumbani kwetu Upplands Väsby, Uswidi, kunifungia vibao darini, vya kuzuia pamba ya kuhifadhi joto isizibe njia ya hewa. Alifanya bure, Jumamosi nzima, kwa magoti. Akanieleza kwamba paa lisipopumua litaota ukungu. Nikaitikia. Moyoni nikasema: mtu gani mwenye akili analipia joto halafu anaikaribisha baridi? Alipoondoka tu, nikapanda na mfuko wa nguo kuukuu, nikaziba kila upenyo.

Theluji ilipoyeyuka, mbao zilikuwa nyeusi kwa ukungu. Nikawaka. Baada ya ibada, kikombe cha kahawa mkononi, nikawatangazia watu kwamba yule si fundi, ameniharibia nyumba. Zile nguo sikuzitaja.

Kesho yake akaja mwenyewe na tochi. Akapanda, nami nikamfuata. Akachomoa nguo moja iliyolowa, akaikunjua. Lilikuwa koti lake, alilolivua akanivisha siku nilipofika Uswidi nikiwa na shati tu.

Hakufoka. Aliniuliza, “Ndugu yangu, kumbe bado unasikia baridi?”