Kiswahili Changu kwenye Barabara ya Kampala

Kati ya siku zote za ujana wangu, mwanangu, ipo moja ambayo nikiikumbuka nacheka kwanza, halafu naona haya. Nilikuwa juu ya ngazi kwenye Barabara ya Kampala, brashi mkononi, najiona mimi ndiye mimi.

Nilikuwa nimetoka Busia, upande wa Kenya, miaka michache baada ya vita vya themanini na sita. Kazi yangu ilikuwa kuchora mabango. Maduka ya Kampala yalikuwa yanafunguliwa moja baada ya jingine, na kila duka lilitaka jina lake juu ya mlango. Nikamwambia mama yangu sirudi nyumbani mpaka nipate kazi ya kudumu. Ujana una maneno makubwa, wewe mwenyewe unajua.

Barabara ile unaipita kila siku, lakini sijui kama umewahi kuitazama. Inaanzia mashariki, karibu na kituo cha reli, pale inapopokezana na barabara ya Jinja. Inashika kiuno cha kilima cha Nakasero, inanyooka hadi upande wa pili, kisha inajikunja na kuwa barabara ya Bombo, kuelekea Wandegeya. Juu yake kuna ofisi, miti na watu waliovaa tai. Chini yake njia zinateremka sokoni, kwenye vituo vya teksi, mpaka soko la Owino. Kwa hiyo mwenye gari na mwenye kikapu, wote lazima waivuke. Ukikaa pale siku moja utauona mji mzima, na mji mzima utakuona wewe.

Historia yake mimi niliisoma kwa msasa. Huwezi kuchora jina jipya kabla ya kukwangua la zamani, na chini ya la zamani kuna jingine. Duka nililopewa lilikuwa na majina matatu. La juu lilikuwa la mtu aliyefungua na kufunga mwaka huohuo. Chini yake lilikuwa jina la mmoja wa wale walioitwa mafutamingi, waliogawiwa maduka Wahindi walipofukuzwa. Na chini kabisa, kwa herufi nzuri za mkono uliotulia, jina la ukoo wa Kihindi, na mbele yake "na Wanawe". Hapo nilisimama kidogo. Kisha nikaendelea kukwangua, maana kazi ni kazi. Nguzo za baraza zilikuwa na matundu ya risasi. Nikayaziba kwa saruji, nikapaka rangi, nikaona nimeyamaliza.

Mwenye duka alikuwa Nnalongo, mama wa mapacha, mchangamfu, muuza vitambaa. Tulikubaliana hivi: duka lake likipendeza, atanipeleka kwa ndugu zake wawili wenye maduka barabara hiyohiyo. Lisipopendeza, kila mtu na njia yake, na njia yangu mimi ilikuwa ya kurudi Busia mikono mitupu.

Sasa ngazi ilikaa katikati ya baraza, rangi inadondoka, na watu wanapita. Luganda, lugha ya wenyeji, sikuijua. Nikawa nawaelekeza kwa Kiswahili, tena kwa sauti ya juu, "Wewe, simama hapo! Rudi nyuma! Pita kule!" Na walitii, mwanangu. Walitii upesi ajabu. Nikajisemea, lo, watu wa huku wana adabu kweli.

Saa nne hivi akaja mzee mmoja wa kanzu na koti, amebeba mikeka begani. Nikampigia kelele kama wengine. Akasimama. Akaishusha mikeka yake taratibu, akaingiza mkono ndani ya koti, akatoa karatasi iliyochakaa kwa kukunjwa. Ilikuwa risiti ya kodi ya kichwa, ile ambayo askari walikuwa wakiidai kwenye vizuizi. Akaniinulia, macho yake yakitazama chini. Na mimi nikafanya nini? Nikacheka. Nilicheka mpaka ngazi ikatikisika. Mzee akaitazama brashi yangu, akaelewa kwamba mimi si askari, akaikunja karatasi yake, akachukua mikeka na kwenda zake.

Adhuhuri Nnalongo akatoka nje. Hakuonyesha hasira, na hilo ndilo lililonitia hofu.

"Fundi," akasema, "tangu asubuhi hakuna mteja ameingia kwangu. Wanafika pale kwenye nguzo, wanavuka barabara. Jioni ikifika bado iko hivi, beba ngazi yako uende."

Nikamwambia labda ni harufu ya rangi. Akarudi ndani.

Aliyenifumbua macho ni Hajati, mama wa Kinubi aliyeuza chai na mandazi mwisho wa baraza ile. Babu yake alitoka Sudani akiwa askari wa Waingereza, na Kiswahili kilikuwa cha nyumbani kwao. Nilipokwenda kunywa chai alinimiminia, lakini kikombe hakukiachia.

"Ati harufu ya rangi," akasema. "Kijana, wewe unajua Kiswahili kilikuwa kinafanya nini kwenye barabara hii? Kilikuwa kinashika bunduki. Simama, leta, lala chini. Mimi niliyezaliwa nacho, iko miaka nilikificha. Hata chumvi nilinunua kwa Luganda, watu wasije wakasema huyu ni mtu wa wale askari. Leo unapanda juu, unawapigia kelele, halafu unamcheka mzee wa watu. Angekuwa baba yako amekutolea ile karatasi, ungecheka?"

Nilimwona baba yangu kabisa, na koti lake la kwendea kanisani, akipekua mifuko mbele ya kijana asiye na ndevu. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto.

"Nifanye nini, mama?"

"Shuka kwenye ngazi. Salimia watu. Huku mtu hampiti mwenzake kama anapita mti."

Akanifundisha palepale salamu ya mchana, osiibye otya ssebo kwa mwanamume, osiibye otya nnyabo kwa mwanamke. Basi mchana kutwa nikawa nasalimia. Kila anayekuja nashuka, nasogeza ngazi, namsalimia. Luganda yangu ilikuwa mbovu ya kutupwa. Kina mama waliokuwa wakienda sokoni walisimama wakacheka, wakaniambia niseme tena, wakaita na wenzao. Kalooli mmoja, wale korongo wakubwa wa mjini, akanichafulia herufi ya kwanza kutoka mtini, wakacheka zaidi, nami nikacheka nao. Na mtu akishasimama mbele ya vitambaa, macho hayatulii. Ilipofika saa kumi duka la Nnalongo lilikuwa limejaa.

Jioni nikamwona yule mzee akipanda kutoka Owino, amebakiwa na mkeka mmoja. Alipoiona ngazi, akavuka barabara. Moyo uliniuma. Nilikuwa katikati ya herufi, na rangi ile ukiiachia njiani inaacha alama mbaya. Nnalongo naye alikuwa amesimama mlangoni, anakagua kazi. Nikaweka brashi chini, nikavuka.

Aliponiona, mkono ukaenda kwenye koti. Nikachutama mbele yake, nikamsalimia. Mkono ukatulia. Akaitika, akauliza, nadhani, habari za nyumbani, akaendelea kuuliza, nami nikawa naitika tu nisichokielewa. Luganda yangu ikaishia hapo. Ikabidi nirudi kwenye Kiswahili, safari hii kwa sauti ya chini.

"Mzee, nilikukosea. Pole sana."

"Pole ni nini?" akauliza.

Nilidhani ananitania. Nikamweleza kwamba ni neno la kumwambia mtu aliyeumia, au aliyefiwa, hata mtoto aliyeanguka.

"Kiswahili iko na neno kama hiyo?" Akauhamisha mkeka wake bega la pili. "Mimi najua simama. Najua leta. Najua lala chini. Miaka yote ile, hapa hapa. Hiyo ya pole hawakutuambia."

Akalirudia mara mbili polepole, akilijaribu mdomoni, kisha akanigusa bega na kwenda.

Niliporudi, herufi ilikuwa imeharibika. Nnalongo akasema niirudie kesho, na Jumatatu nianze duka la kaka yake. Ndiyo maana nimezeekea mji huu.

Sasa nasaha yangu ni hii, na naisema wazi. Ukifika mahali, usidhani maneno yako ni mapya. Wengine waliyatumia pale kabla yako, na huenda waliyatumia vibaya, kwa hiyo uliza. Msalimie mtu kabla ya kumwagiza. Mtu akiogopa mbele yako, usicheke, jiulize ameona nini. Na ukikosa, mfuate ukamwambie, hata kazi ikiharibika.

Mungu aibariki mikono yako, mwanangu, akupe majirani wema na umri mrefu, na watu wafurahi wakisikia sauti yako.