Ngome Niliyoiachia

Harufu ya dawa nyeusi ya viatu hunivuruga hadi leo. Nikiketi kwa fundi viatu pale stendi ya Babati, mimi mtu mzima mwenye shahada mbili na miwani ya kusomea, fundi akifungua tu kopo lake nakunja vidole na kuvificha mapajani. Fundi hudhani nasikia baridi.

Kwetu Bashay vidole vyeusi vilikuwa ushahidi. Mwalimu Sulle, aliyetufundisha hesabu, alichonga kete za chesi kwa mbao za mgrivea. Nusu aliziacha nyeupe, nusu akazipaka dawa ya viatu ambayo haikukauka kabisa. Ukicheza na nyeusi, unarudi nyumbani umepigwa muhuri. Babu Tlemu, baba yake baba, alikuwa akinisubiri mlangoni pa zizi na kunigeuza viganja kama anayemkagua ndama kupe.

"Mke wangu," angesema, maana babu wa kwetu huwatania hivyo wajukuu wa kike, ila siku hizo alisema bila kucheka. "Leo umekula maaskofu wangapi?"

Babu alikuwa mzee wa kanisa. Kwamba upo mchezo ambamo askofu anasimama vitani ubavuni mwa farasi, kisha analiwa na askari wa kawaida, ni jambo lililomkosesha raha. Lakini kilichomuudhi zaidi kilikuwa ndama. Jumamosi ilikuwa zamu yangu kuwachunga, na Jumamosi ndiyo siku ya chesi.

Mimi nilikuwa nimeshalewa hadithi. Mwalimu Sulle alitusimulia habari za magrandmasta, wenye cheo cha juu kabisa katika mchezo ule: aliyecheza amefungwa macho akiwa na picha ya mbao kadhaa za chesi kichwani, aliyekipata cheo kabla ya kuota ndevu, aliyezunguka dunia na sanduku moja kutoka shindano hadi shindano na kusahau kuoa. Akasema pia kwamba cheo hicho hakinyang'anywi, hata ukizeeka ukawa unafungwa na watoto. Hilo lilinipendeza sana. Nilikuwa darasa la tano na nilikuwa nimeshajitunuku.

Kisha akaja grandmasta wa kweli. Alikuwa Mzungu mzee, mrefu, aliyekuja kupanda Mlima Hanang, mvua zikamzuia, akabaki kwenye nyumba ya wageni akicheza peke yake. Mwalimu Sulle aliposikia, alipanda baiskeli na kwenda kumwomba. Mgeni akakubali kucheza na sisi wote kwa pamoja darasani kwetu, akizunguka meza hadi meza.

Babu akaniwekea sharti. "Mgeni asipokushinda, Jumamosi ni zako. Lakini atakayeshindwa atarudi kwa ndama, na ule ubao sitaki kuusikia tena. Na msiniite kuja kutazama maaskofu wanaliwa."

Nilikubali upesi. Mtu mwenye kipaji kama changu angesitaje?

Siku hiyo mvua ilipiga bati hadi Mwalimu Sulle akalazimika kutangaza masharti kwa kupaza sauti. Mgeni akifika mezani kwako, unacheza papo hapo. Ukiiachia kete ubaoni, umecheza, hairudi. Darasa lilinuka sweta mbichi na dawa ya viatu. Mgeni alianza kuzunguka, mikono nyuma, kama mkulima anayekagua mahindi yake. Paskali, mwenzangu wa dawati, aliyekuwa amewaahidi dada zake kwamba atamtoa jasho mtu huyo, alikuwa wa kwanza kwenda kusimama dirishani. Wakafuata wengine. Kila alipomaliza meza, mizunguko ilizidi kuwa mifupi, na mimi nilizidi kukosa muda wa kufikiri. Nilitaka kwenda chooni na sikuthubutu kusema.

Mwishowe nilibaki peke yangu, na kete chache. Hapo nikaiona njia. Kete yangu ya ngome ikishuka hadi mstari wa mwisho, nyuma ya askari wa mgeni, hapiti mtu. Sare! Mwalimu Sulle naye alikuwa ameiona, maana alikuwa anatafuna chaki. Mgeni akasimama mbele yangu. Nikainyanyua ngome.

Mlango ukafunguliwa. Alikuwa Babu, blanketi lake likichuruzika maji.

Kwetu mzee akiingia haachwi kusimama bila salamu. Mjukuu ndiye huanza, naye huenda mikono mitupu. Kumsalimia mzee ukiwa na kitu kiganjani ni kama kumficha jambo. Nimefanya hivyo tangu sijajua kutamka vizuri. Mkono hauombi ruhusa kichwani. Niliiweka ngome chini, popote palipokuwa karibu, nikaenda, nikainamisha kichwa na kuushika mkono wake kwa mikono yangu miwili.

"Shikamoo, Babu."

"Marahaba." Mkono wake wa pili ukatua kichwani kwangu, mzito, umelowa.

Nyuma yangu nikamsikia Mwalimu Sulle akinong'ona, "Mungu wangu."

Niliporudi niliona. Ngome yangu ilikuwa imesimama mdomoni mwa askofu mweupe wa mgeni. Kati ya kete zote, askofu!

Mgeni aliutazama ubao, akanitazama mimi, akamtazama Babu. Akasema kitu kwa Kiingereza.

"Anauliza," mwalimu alisema, "pale ndipo ulipotaka kuiweka?"

Ningeweza kukataa. Lakini Babu alikuwa pale anapangusa maji usoni, hajui lolote, na kukataa kungekuwa kusema mbele ya watu kwamba salamu yake ndiyo kosa.

"Ndiyo," nikasema.

Mgeni alizunguka zile meza tupu mara moja, taratibu, kama vile wenzangu bado wamekaa. Akarudi. Akaila ngome. Sikuwa na la kufanya tena. Aliponipa mkono, mazoea yakanifanya nimwinamishie kichwa na yeye, naye akakigusa kama mtu anayepima moto wa pasi.

"Imekuwaje?" Babu akauliza. Mwalimu Sulle akamweleza pembeni, kwa Kiiraqw, polepole. Babu alikifungua kiganja chake, akatazama alama nyeusi niliyomwachia.

Jumamosi nilidamka na fimbo yangu. Zizi lilikuwa wazi. Mbali kule mteremkoni niliona blanketi la Babu nyuma ya ndama.

"Usimfuate," mama akasema. "Amesema ukimfuata atakuchapa."

Nililia. Niliamini nimeshindwa vibaya hivi kwamba hata ndama sifai kukabidhiwa. Kwa kukosa kazi nikaenda shuleni, nikijificha kwenye mahindi. Jumamosi iliyofuata ikawa hivyohivyo, na zilizofuata, hadi magoti ya Babu yalipokataa mteremko.

Sikuwa grandmasta. Siku hizi nafungwa na simu yangu mwenyewe. Nimekuja kusoma habari za yule mgeni: aliwahi kutoka sare na bingwa wa dunia, na wenzake walimsifu kwamba hakumpa mtu mchezo wa bure, wala hakuupokea. Hapo nikaelewa kwa nini aliuliza, na kwa nini, nilipomjibu, aliila ngome.

Kumwelewa Babu kulinichukua muda mrefu zaidi. Nilikuwa na watoto wangu mwenyewe nilipokumbuka sharti lake jinsi alivyolitamka. Hakusema mimi. Alisema atakayeshindwa atarudi kwa ndama.