Vikombe vya Matanga

Mwenyeji wetu alimkosoa mwandishi wa riwaya, na kwa kumkosoa akajifichua mwenyewe.

"Kakosea huyu," alisema. "Viatu havihesabiwi. Msibani watu huja na viatu vya kuazima, wengine huondoka na vya wenzao. Vinavyohesabiwa ni vikombe vya kahawa."

Sebule nzima ikacheka, isipokuwa mwanamke mmoja.

Nianze mwanzo. Miaka ya tisini, Wazanzibari wachache tulianza kukutana Jumamosi baada ya Alasiri, kwenye fleti ya mzee huyo hapo Wembley, Landani. Siku za mechi tulifunga madirisha kwa kelele za uwanjani. Mimi nilikuwa mwandishi wa habari na Kiarabu nilikisoma ujanani, kwa hiyo kazi ya kusoma ilikuwa yangu: macho kwenye Kiarabu, mdomo ukitoa Kiswahili.

Riwaya zilikuwa za Mwarabu mmoja aliyekuwa akiishi uhamishoni kama sisi. Hakuandika juu ya marais. Aliandika juu ya foleni ya mkate, juu ya mwalimu anayepunguza sauti ya redio kila hodi inapopigwa, juu ya majirani wanaochunguzana. Niliamini, na naamini bado, kwamba hakuna hotuba iliyoieleza serikali vizuri kuliko foleni yake ile ya mkate.

Sura ya siku hiyo ilimhusu mtu wa mtaa anayehesabu viatu kwenye milango ya misiba, kisha anapeleka serikalini habari ya nani kaja kumzika nani. Hapo ndipo mzee aliponikatiza. Sote tulijua kwamba nyumbani alikuwa mjumbe wa nyumba kumi, mtu wa chama mtaani. Hatukuwahi kumuuliza kazi hiyo ilikuwa nini hasa.

"Ami, kumbe ulikuwa fundi!" mmoja akamtania. "Mwarabu huyu angekuja kwako kwanza."

"Angekuja asingeandika viatu," mzee akajibu, bado anatabasamu.

Yule mwanamke akaweka kikombe chake chini. Alikuwa muuguzi, si mtu wa maneno mengi. Baba yake alipofariki, kaka yake, aliyekuwa akitafutwa, aliingia matangani kisirisiri akakaa katikati ya wasomaji wa hitima. Kesho yake alichukuliwa, na hajaonekana tena. Ndicho kisa kilichomleta Landani, na hakuna kati yetu asiyekijua.

"Ami," alisema, "matanga ya baba yangu, vikombe ulihesabu wewe?"

Mzee akanigeukia. "Endelea, sheikh."

"Asiendelee. Nijibu mimi."

"Kuhesabu nilihesabu, mwanangu. Ndiyo ilikuwa kazi."

"Kilizidi kimoja?"

Mzee akaanza kukusanya vikombe, hata vile vilivyokuwa na kahawa.

Nilidhani mwanamke yule hatarudi. Jumamosi iliyofuata nilimkuta ameshafika, akaniambia nifungue pale tulipoishia. Tuliimaliza riwaya ile, tukaimaliza na iliyofuata, ambamo mtu wa viatu anazeekea ugenini. Mzee aliisikiliza yote bila kukosoa hata neno.

Hadi leo hutuandalia kahawa kwa mkono wake. Mwanamke hukipokea kikombe chake, hukirudisha mezani mbele ya mzee kikiwa kimejaa, na hungoja jibu.

Mzee hukikusanya pamoja na vingine.