Leso Mbili za Mama Mdogo

Juzi huko Shisanhang, soko la nguo la Uchina, nilimkuta lauban wangu, yaani mwenye duka, mama wa Kichina ninayenunua fulana kwake, akipakia mzigo wa uchaguzi mdogo wa kwetu. Fulana za kijani za mgombea mmoja na nyekundu za mpinzani wake zilikuwa boksi moja, safari moja ya Mombasa. Harufu ya rangi mbichi ilinipandisha hasira ya zamani.

Nilipokuwa mtoto, mbunge wetu alifariki, na mama akagombea kiti chake. Alasiri ya mwisho ya kampeni, uani kwetu kulinukia pilau na jasho. Wanawake walicheza wamejifunga leso za kijani zenye picha ya mama. Aliyeongoza nyimbo alikuwa mama mdogo Saumu, ndugu yake wa tumbo moja. Nilipomkumbatia, niliona pindo jekundu likichungulia chini ya leso yake, lenye sura ya mpinzani wa mama.

Leo najua ya juu ilikuwa ya kuonwa na watu, ya ndani ndiyo ya kura. Wakati ule nilijua sababu moja tu ya mtu kuvaa nguo mbili.

"Mama!" niliita. "Mama mdogo anaona baridi! Amejifunga leso mbili!"

Nyimbo zilikatika. Jua lilikuwa likichoma. Mama alitoka jikoni na mwiko mkononi, akalitazama lile pindo, kisha akamtazama ndugu yake usoni.

"Mletee chai ya moto," aliniambia taratibu.

Nilikimbia kuileta, nikamtilia sukari nyingi.