Meza ya Pande Saba

Kosa ni langu. Si la msumeno, si la mti, wala si la macho ya baba yangu, ingawa miaka hii yote nimemwacha aamini hivyo. Jina langu niachie. Mengine nitakwambia yote.

Tulikaa mtaa wa Komarock, miaka ya tisini. Baba alikuwa mchongaji kutoka Ukambani, na kibanda chake cha kazi, kando ya barabara ya Kangundo, alikitumia pamoja na seremala aitwaye Otieno. Nilipokuwa kidato cha tatu, kanisa moja la mtaa wa Tena lilimwagiza meza ya madhabahu yenye pande saba, kwa siku saba za uumbaji. Ikiwapendeza, angepewa viti vyote na milango. Baba alikuwa amechoka kuchonga twiga wa watalii. Alivyoitaka kazi ile, hata chakula alikuwa anakisahau.

Nilimkuta akizungusha bikari juu ya duara alilochora kwenye ubao. Anapiga hatua saba, hazikutani, anaibana bikari kidogo, anaanza upya.

"Baba, huko ni kubahatisha."

"Sisi twaita kutafuta, mama."

"Jiometri haitafuti. Nipe hiyo bikari."

Otieno akacheka. "Mutua, leo umepata mwalimu. Simama umwamkie."

Njia yangu niliipata kwa msichana wa kidato cha nne. Unachora ndani ya duara pembetatu yenye pande sawa, unachukua nusu ya upande mmoja, na hiyo nusu inaingia mara saba kulizunguka duara. Kwenye daftari langu ilikutana nukta juu ya nukta. Kwa baba nilichora kipande kimoja tu, kama cha keki, nikamwambia akate saba mfano wa hicho. Duara lote sikulizunguka. Kuhakiki niliona ni ushamba.

Alikata na kuchonga mwezi mzima. Kila kipande alikipa siku yake: maji, majani, nyota, samaki. Sijaona mkono wake ukitulia vile tena.

Jumamosi wazee wa kanisa wakaja kuona vipande vikiunganishwa. Cha saba kikaingia, na pembeni yake ukabaki mwanya. Mwenyekiti wao akachomoa kalamu mfukoni, akaipitisha pale. Ikaanguka chini ya meza.

"Mzee, ni nani alipima?"

Baba akanitazama. Hakunishtaki. Alikuwa ananiuliza tu.

"Mchoro uko sawa," nikasema. "Labda msumeno."

Baba akapapasa ule mwanya kwa kidole, taratibu. "Basi ni mimi," akasema. "Macho yameanza kunidanganya."

"Si tuzibe na kibanzi?" Otieno akajaribu.

"Madhabahu haitiwi viraka," mwenyekiti akajibu. Viti na milango akapewa mtu mwingine.

Wiki mbili baadaye ndipo nilipomwonyesha mwalimu wa hesabu njia yangu. "Pande tano utachora, sita utachora," akaniambia. "Saba, kwa rula na bikari, utakaribia tu. Kasoro yake ni ndogo, kwenye daftari inamezwa na unene wa penseli. Chora kubwa, utaiona."

Nilikwenda nyumbani mbio, maneno yakiwa mdomoni. Nikamkuta baba na wageni sebuleni. Patasi na tezo zake alikuwa amempa Otieno asubuhi hiyo, na kazi mpya alishapata: soja wa lango la kiwanda.

"Kazi ya macho si yangu tena," alikuwa akiwaambia. Kisha akanishika bega. "Lakini huyu atakuwa injinia. Mchoro wake haukukosea hata kidogo."

Nikawaamkia wageni, nikaenda jikoni na maneno yangu yakiwa bado mdomoni. Nilizipenda zile sifa kuliko nilivyompenda yeye. Lo, kuandika sentensi hiyo kumenichukua nusu ya maisha yangu.

Baba yuko hai, kijijini. Anatia uzi kwenye sindano bila miwani, na bado husema macho yake yaliharibika mapema.

Wewe uliyesoma kidogo kuliko unavyodhani, nakuomba: ukigundua umekosea, sema siku hiyo hiyo, mtu akiwa bado na zana zake mkononi. Ukichelewa, utampelekea ukweli mtu asiye na kitu cha kuufanyia.