Nicanora na Farasi Aliyeazimwa na Jamhuri

Marehemu kaka yangu Eusebio aliacha vitu vitatu hapa Sonoma, kaskazini mwa California: zizi lisilo na lango, farasi jike mwekundu aitwaye Canela, na mjane asiyeshindwa ubishi. Mimi ni fundi wa matandiko na mlango wa karakana yangu unatazamana na wa huyo mjane, kwa hiyo ubishi wenyewe niliupata ukiwa bado wa moto kila asubuhi. Jina lake Nicanora Olivas. Alikuwa mfupi, mpana, anavuta visigara alivyovisokota mwenyewe, na jibini lake lilisifiwa hadi ng'ambo ya ghuba. Ukilisifu mbele yake alikuambia umechelewa, la wiki iliyopita ndilo lililokuwa zuri.

Kwa jambo moja tu hakutaniwa, nalo ni Canela. Eusebio alimfuga yule farasi tangu anayumba kwa miguu, akamzoesha tandiko, na mwaka huohuo akauawa kwa pembe ya fahali. Nicanora hakuwa mtu wa kulia makaburini. Jioni alikwenda zizini, akaweka shavu kwenye shingo ya Canela, akakaa hapo mpaka moyo ukatulia. Kila kitu kingine alichokishika kaka yangu kilikuwa kimepoa, ila huyo bado alikuwa na joto.

Sasa, kuhusu lango. Zizi halikuwa na lango kwa sababu hakuna aliyekuwa nalo. Farasi huku kwetu walikuwa wengi kuliko watu, nao walizunguka na kipande cha kamba ya ngozi shingoni, kikiburuzika chini ili mtu asihangaike kuwakamata. Msafiri akifika na farasi aliyechoka, anamwacha, anamshika mwingine mwenye nguvu, anakwenda zake. Akirudi anambadilisha. Asiporudi yeye, anampa mtu yeyote anayekuja upande huu amlete. Hakuna aliyeuliza, hakuna aliyeshukuru sana. Ungemwuliza Nicanora kama hiyo ni sheria au adabu, angekutazama kama mtu aliyeuliza kwa nini maji yanalowesha.

Ndipo ukaja ule mwezi wa Juni wa mwaka elfu moja mia nane arobaini na sita.

Walowezi wa Kimarekani walikuwa wamevuka milima miaka michache iliyopita, wengi wao bila kibali cha mtu. Tuliwazoea. Wengine walikula kwetu. Kisha ukaenea uvumi kwamba serikali yetu ya Mexico itawafukuza wote warudi walikotoka, na uvumi ukipata watu wenye bunduki na muda wa kukaa bure, basi tena. Wakaanza kwa kunyakua kundi la farasi wa serikali njiani. Alfajiri moja wakatuingilia mjini, wamevaa ngozi zenye mafuta ya mwaka mzima, wengine hata viatu hawana. Wakamkamata jenerali mstaafu nyumbani kwake. Mzee yule, kwa kuwa ana malezi, akawamiminia brandi kwanza. Waliotumwa ndani kujadiliana wakajadiliana na chupa, mpaka waliobaki nje ikabidi wamchague mwingine aende akaone uasi umefikia wapi.

Mwisho wakapandisha kitambaa chao uwanjani na kutuambia sasa sisi ni jamhuri. Kitambaa kilikuwa na nyota na mnyama. Walisema ni dubu. Nicanora alikitazama muda mrefu, akavuta kisigara chake.

"Shemeji, hao wamepigania nguruwe?"

Nikamwambia anyamaze, watu wana bunduki. Akasema hajalikataa lile dude, anauliza tu.

Mchana huohuo akaja zizini mmoja wao, mrefu, mwembamba, ndevu rangi ya kutu. Baadaye tulimjua kwa jina la Tubbs. Alikuwa anamvuta nyumbu, mtoto wa punda na farasi, aliyekuwa anachechemea na mbavu zinahesabika. Akamwachia kamba nyumbu wake, akamshika Canela, akamtandika. Nikajua amekuja kuiba. Nicanora akajua amekuja msafiri. Akatoka na unga mikononi, akamwelekeza kwa Kihispania, taratibu, kama anayemkabidhi mtoto kwa jirani: mdomo wa huyu ni laini, usivute hatamu, ukimfikisha mpe maji, na anaogopa nguo zinazopepea. Mlowezi hakuelewa hata neno moja. Akatikisa kichwa kwa adabu na kuondoka. Kwa Nicanora kutikisa kichwa kulikuwa mkataba.

"Dada, umeibiwa mchana kweupe," nikamwambia.

"Mwizi gani anaacha nyumbu?"

"Anayeacha nyumbu mbovu."

"Amechoka tu, maskini. Mwenyewe atarudi kumchukua. We kashone."

Ile jamhuri haikumaliza hata mwezi. Kitambaa cha mnyama kikashushwa, ikapandishwa bendera ya Marekani, maana manowari zao zilikuwa zimekwisha kutia nanga Monterey. Nasikia wakubwa wao kule mbali walikuwa wanaitamani pwani hii siku nyingi, ila hawakuwa na pa kuishikia. Wale wavaa ngozi wakawapa mpini. Waasi wakageuzwa askari, wakapanda farasi wetu, wakashuka nao kusini mpaka Los Angeles. Kwa hiyo nikawa namtania shemeji: Marekani imepanuka hadi bahari ya pili, na sehemu nzuri ya safari imebebwa na Canela. Yeye hakucheka. Aliniuliza kama huko kusini kuna majani.

Huku nyuma akamtunza yule nyumbu mpaka ikawa aibu. Alimkanda mguu kwa mafuta, akampa maji ya jibini, akamwita Prenda, kwa kuwa alikuwa rehani. Nyumbu akanenepa, akampenda kupita kiasi farasi mmoja mzee wa kijivu aliyevaa kengele, akawa anaifuata sauti ya kengele hiyo kila iendako, hamwachi hata hatua. Watu walipita wakimcheka Nicanora kwamba anamlisha askari wa adui. Aliwajibu kwamba nyumbu hajasaini kitu. Lakini mimi niliyekaa mkabala nilimwona jioni, akifika zizini na kusimama pale Canela alipozoea kusimama, hana pa kuweka shavu. Nilikuwa narudi ndani kwa hasira, maana sikujua nimkasirikie nani.

Majira ya kuchipua yaliyofuata, Tubbs akarudi. Alirudi juu ya mgongo wa Canela.

Sijapata kumwona mwanamke akifurahi vile. Alimpita Tubbs kama mti, akaikumbatia shingo ya farasi wake. Kisha akamgeukia mgeni, akaniambia mimi, niliyekuwa nimeokota Kiingereza kwa askari wao, nimfasirie kwamba amewaambia wote kuwa atakuja, na wote walikuwa wapumbavu, mimi nikiwa wa kwanza. Akamkalisha kwenye kiti cha Eusebio. Akampa maharage, nyama, chapati za mahindi na jibini lote la siku hiyo. Tubbs alikula kwa mfululizo, lakini jicho lake lilikuwa zizini. Alipojifuta ndevu akaniambia nimweleze mama huyu kwamba amekuja kumchukua nyumbu wake, ambaye amesikia anashikiliwa hapa, na kwamba kwa sheria mpya kushikilia mnyama wa mtu ni wizi.

Nikafasiri. Nicanora alifikiri nimekosea, akataka nirudie. Nikarudia.

"Mwulize, na Canela?"

Tubbs akasema farasi huyo alichukuliwa kwa niaba ya jamhuri.

"Ipi?"

Akaonyesha kidole uwanjani, halafu akakishusha, maana hapakuwa na kitu pale cha kuonyeshwa.

Tukaenda kwa hakimu mpya wa mji, Mmarekani aliyeteuliwa na jeshi, mtu mpole mwenye mafua. Nicanora alisema maneno machache. Alisema kama ile jamhuri imekufa na Marekani ndiye mrithi, basi arithi na madeni yake. Yeye hadai nchi, anadai farasi. Hakimu alitabasamu, akapenga kamasi, akasema hoja ni nzuri. Kisha akaamua kwamba mnyama aliyechukuliwa vitani ameondoka na vita, na nyumbu ni mali ya mwenye nyumbu. Wizi akaufuta, kwa huruma. Nicanora alinitazama nikifasiri neno "huruma", kisha akatoka.

Tubbs akaondoka na wote wawili. Alichokuwa hajakihesabu ni ile kengele. Hakimu hakuwa ametaja mapenzi ya nyumbu, na kabla wiki haijaisha Prenda alikuwa zizini kwa Nicanora, ananusana na farasi wa kijivu. Tubbs, aliyekuwa amejikatia shamba mwendo wa nusu siku, akaja kumfuata. Nyumbu akatoroka tena. Akaja tena. Kila alipokuja alikuja juu ya Canela, na Nicanora alitoka na ndoo ya maji, akamnywesha farasi, akamsafisha macho, akarudi ndani bila kumsalimu mpandaji. Mwishowe Tubbs akachoka, akamwacha nyumbu hapohapo, akasema atamchukua atakapomhitaji.

Alimhitaji mwaka wa arobaini na nane, ilipovuma habari ya dhahabu mitoni. Mji ulikauka. Mwokaji aliacha mikate ndani ya tanuri. Hata hakimu, pamoja na mafua yake, alikwenda. Tubbs akafika mbio, Canela akiwa chini yake anatweta, jasho limekuwa povu, na tumbo limejaa mtoto. Akaruka chini, akanipigia kelele kwamba anataka nyumbu, huyu farasi hafai tena kupanda milima.

Nicanora alikuwa amesimama mlangoni. Nilimwona akielewa. Mtu amefika na farasi aliyechoka, anataka mwenye nguvu, anakwenda zake. Alikuwa ameisubiri sentensi hiyo muda wote huo, na sasa ilikuwa imekuja kwa mdomo wa yuleyule.

"Mwambie achukue," akaniambia, polepole, kama anaogopa kumshtua ndege. "Mwambie kwetu ni kawaida."

Prenda alikataa. Akakita miguu yake ardhini, akamtazama farasi wa kijivu, hasogei. Dhahabu ilikuwa inachotwa na wengine na Tubbs alikuwa karibu kulia. Basi Nicanora akaivua kengele shingoni mwa farasi mzee, akaja nayo, akamvisha Tubbs. Nyumbu akainua masikio. Hivyo ndivyo alivyoondoka yule mshindi wa California, kwa miguu, anakimbia mbele na kengele shingoni, nyumbu anamfuata kwa mapenzi makubwa. Tulimsikia mpaka alipopita kilima. Nilicheka hadi nikakaa chini.

Nilipoinuka Nicanora alikuwa ameweka shavu shingoni mwa Canela, mabega yanatikisika. Safari hii alikuwa analia, na hakujificha.

Tubbs hatukumwona tena. Labda alitajirika, labda alizikwa na kengele yangu, maana kengele ile niliitengeneza mimi na sijalipwa. Lakini mimi nilitazamia kwamba shemeji sasa atarudi kuwa yule wa zamani, na hapo nilikosea. Kesho yake alikuja karakanani, akaniomba nimchongee lango. Nikadhani anatania. Alitaka mbao nene, na kufuli la duka la Wamarekani. Nilimwuliza ufunguo atauweka wapi. Akasema atajua mwenyewe.

Lango likasimama. Canela akazaa nyuma yake, dume jekundu, na Nicanora akaimba siku nzima. Watu waliopita waliliangalia lile lango, wakaendelea na safari zao na farasi wao waliochoka. Wengine walianza kuweka la kwao.

Kisha jioni moja akafika Don Pánfilo, mzee wa San Rafael, aliyekuwa rafiki wa Eusebio tangu utotoni na aliyebadilisha farasi kwenye zizi lile maisha yake yote. Alikuwa ametoka mbali na farasi wake alikuwa anaburuza kwato. Akafika langoni, akasimama. Hakujaribu kulisukuma. Alivua kofia, akarudi nyuma hatua chache, akafunika pua na mdomo kwa kitambaa. Mara ya mwisho kuona mji wenye milango iliyofungwa ilikuwa mwaka wa ndui.

"Nicanora," akaita kwa sauti ya chini, "mna ugonjwa humu?"

Shemeji alikuwa uani anakamua maziwa yaliyoganda ya jibini. Aliacha mikono ndani ya chombo kwa muda. Nilikuwa mlangoni kwangu, sindano mkononi.

"Upo, Don Pánfilo," akajibu. "Ngoja niutafute ufunguo."