Luseane Alipompiga Shangazi Yake

Mke wangu Kalo hakujaaliwa mtoto. Alipofika miaka arobaini na mbili alimwendea kaka yake Soane, akamwomba Luseane, binti yake wa mwisho, mwenye miaka mitatu. Kwetu Tonga kaka hamnyimi dada yake kitu. Mke wa Soane alitia nguo za mtoto kwenye kikapu.

Kwetu kila mtu alimsifu mtoto. Halii, hachezei chakula. Kalo akiingia, mtoto anakunja miguu na kutazama chini.

"Umepata malaika," jirani yetu Nanise alisema.

"Malaika gani! Nimepata mgeni. Wiki ya tisa hii, hajaniomba hata maji."

Mimi si msemaji, ila kosa nililiona. Mtoto kwetu hufundishwa mapema kwamba shangazi ni mkubwa kuliko baba: hupigi kelele mbele yake, humpandi mapajani, hugusi chakula chake. Luseane alifundishwa vizuri. Mimi alinipanda mgongoni kama mnazi, maana mume wa shangazi hana cheo. Kalo naye aliketi akipokea heshima yake kama alivyozoea, kisha akashangaa hapendwi.

"Jumapili ya Watoto ikimkuta hivi hivi, namrudisha," akaniambia. "Nisije nikawa nimemnyang'anya mama yake bure."

"Mlishe kwa mkono wako," nikasema. "Kwenye sahani yako."

"Sahani yangu? Watu watasemaje?"

"Kwani wako wapi hao watu?"

Akacheka, akarudisha mlango, akammegea samaki. Mtoto alinitazama kwanza mimi, aone kama atachapwa, ndipo akatafuna. Tangu hapo wakala sahani moja, mlango umefungwa.

Zikiwa zimebaki siku kumi Jumapili hiyo ifike, Kalo akaitwa msibani kisiwa cha Ha'ano. Alikaa siku nne. Luseane alishinda mlangoni, chakula changu hakukigusa. Kalo aliporudi, mkeka wa msiba, tunaojifunga kwetu kuomboleza, bado kiunoni, mtoto hakumkimbilia. Aligeukia ukutani. Kalo akainama, na hapo hapo akala ngumi ya pua.

"Uliniacha!" Luseane alipiga yowe. "Uliniacha!"

Nanise, aliyekuja kutoa pole, akashika mdomo. "Yesu wangu! Anampiga shangazi yake! Mchape huyo!"

"Nenda kwako, Nanise," Kalo akasema. Akaketi chini na mkeka wake wote, akampakata, akaendelea kupigwa mpaka ngumi zikaisha na kilio kikawa kwikwi. Mikono ya mtoto ilikuwa imemshika shingoni.

Jumapili ya Watoto Luseane alisimama mbele ya kanisa kusema aya yake, akaisahau, akakimbilia mapajani kwa Kalo machoni pa watu wote. Soane aliinamisha kichwa kwa aibu. Mkewe alitazama dirishani. Kalo akamfuta mtoto kamasi kwa gauni lake jeupe.

Baada ya ibada alimfuata wifi yake. "Njoo ule kwetu," akamwambia. "Na Jumapili ijayo, na ile nyingine."

Huja mpaka leo. Tunakula mlango wazi.